Kukomboa lori lililokamatwa kwa madai ya kuchimba udongo bila kibali (Kenya)

Tipa likikamatwa na maramu au mchanga, wenye magari wengi huanza kubishana kwamba udongo ulikuwa halali. Hayo ni ya kesi yenyewe. Ombi la kuachiliwa gari husimama juu ya maswali mawili: gari ni la nani, na je, litapatikana mahakama ikilihitaji?

1. Jua aliyelikamata

Polisi, wakaguzi wa NEMA (mamlaka ya taifa ya mazingira) na askari wa kaunti kila mmoja ana mlango wake. Kwa polisi, chukua nambari ya OB (kitabu cha matukio cha kituo) na nakala ya orodha ya vitu vilivyozuiliwa. Isome kabla dereva hajatia sahihi: nambari ya usajili, ya chesisi, ya injini, na kiasi cha mzigo. Tarakimu moja ikikosewa kwenye chesisi, amri ya mahakama haitalingana na gari lililo uani, nawe utarudishwa mahakamani kurekebisha. Kwa kaunti, lipa faini kwa njia rasmi pekee na udai risiti. Karatasi ya kukiri kosa isitiwe sahihi kabla wakili hajaiona.

2. Piga picha siku hiyo hiyo

Pande zote nne, kebini, betri, kila tairi pamoja na spea, geji ya mafuta. Kwa ekskaveta, ongeza mita ya saa za injini. Gari likilala uani, betri na tairi ndizo huondoka kwanza.

3. Kusanya karatasi

Hapa ndipo maombi mengi hufia. Logibuku ikiwa na jina la benki, pata barua ya benki ya kuridhia ombi. Ukiwa ulinunua gari lakini hukulihamisha NTSA (mamlaka inayosajili magari), mwenye jina kwenye rekodi aape pia, na mkataba wa mauzo uambatishwe. Kampuni ilete CR12 (hati ya msajili inayoonyesha wakurugenzi na wenye hisa) na azimio la wakurugenzi. Ekskaveta isiyo na logibuku itetewe kwa ankara ya ununuzi na hati za forodha. Leseni ya machimbo, risiti za ushuru wa kaunti na idhini ya mwenye shamba ziwekwe kama zipo.

4. Wasilisha ombi

Kama kesi imeshafunguliwa, ombi liingie kwenye faili hiyo hiyo. Kama hakuna aliyeshtakiwa, fungua ombi dogo la jinai kwa hakimu wa eneo hilo, chini ya cheti cha dharura (ili lisikilizwe haraka), na umkabidhi mwendesha mashtaka nakala. Hati ya kiapo iapwe na mwenye gari. Dereva hawezi kuthibitisha umiliki.

Upande wa mashtaka hutegemea kifungu cha 121 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai: kitu kilichokamatwa kinaweza kuzuiliwa hadi kesi au uchunguzi uishe, kikitunzwa ipasavyo. Shika neno "kinaweza": ni hiari ya mahakama. Shika na utunzaji pia, kwa picha za gari likinyeshewa. Kisha taja kifungu cha 177, kinachoruhusu mali aliyokutwa nayo mshtakiwa irudishwe kwa anayestahili. Pendekeza picha ziwe kielelezo badala ya lori zima.

5. Jitolee masharti kabla hujaulizwa

Bondi yenye mdhamini, ahadi ya kutouza wala kubadili rangi, na kulileta gari likiitwa. Hakimu akiyaona yameandikwa tayari, mwendesha mashtaka hubaki na machache ya kupinga.

Angalizo kubwa: dereva asikiri kosa haraka ili arudi nyumbani. Chini ya kifungu cha 146 cha EMCA (sheria ya usimamizi wa mazingira), mahakama inaweza kuamuru gari lililotumika litaifishwe, na mwenye gari huenda akapata habari amri ikishatolewa. Mwajiri na dereva wakikinzana, kila mmoja awe na wakili wake.

6. Ukikataliwa

Omba Mahakama Kuu ipitie uamuzi chini ya vifungu vya 362 na 364 vya Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai. Gari likizuiliwa muda mrefu bila mashtaka yoyote, njia nyingine ni shauri la kikatiba chini ya ibara ya 40, inayolinda haki ya mali.

7. Siku ya kulitoa

Hakikisha amri ina muhuri na inataja kila chombo: lori, trela, mtambo. Udongo wenyewe huenda ukabaki kama kielelezo, kwa hiyo uliza mapema utamwagwa wapi na nani ataupima. Linganisha gari na picha zako mbele ya afisa. Kilichopungua kiandikwe kwenye OB kabla hujawasha injini.