Kumwita bata mzinga kwa kisahani na kijiti: namna ya kuchagua chombo na kukitumia

Katika majira ya kuchipua, bata mzinga dume hulia alfajiri akiwa bado juu ya mti alikolala, na majike wanaomsikia ndio humwendea. Mwindaji anayeita anajaribu kuupindua utaratibu huo: anajifanya jike asiyetaka kusogea, ili dume ndiye aje. Ndiyo maana dume anaweza kukujibu mara ishirini na bado akasimama mita 80 kutoka ulipo, ametandaza mkia na kuringa, akingoja wewe umwendee. Kumtoa hapo kunahitaji sauti atakayoiamini, na kwa anayeanza, njia fupi ya kuipata ni vyombo vya kukwaruza. Kiwambo cha mdomoni, yaani utando mdogo unaotetemeshwa kwa pumzi, ambacho wengi hukikimbilia kwanza kwa sababu huacha mikono huru, kitakusumbua koo kwa wiki kadhaa kabla hakijatoa mlio wa maana.

Ninawinda Kentucky, jimbo la Marekani, na ninawaandikia hasa wenzangu wa Lexington na Louisville wanaozungumza Kiswahili na wanaoniuliza kila mwaka wanunue nini. Msimu wetu wa majira ya kuchipua huanza Jumamosi iliyo karibu zaidi na tarehe 15 Aprili na kuendelea kwa siku 23. Anayeruhusiwa kuwindwa ni dume, au bata mzinga yeyote mwenye ndevu zinazoonekana, yaani ule mshungi mweusi unaoning'inia kifuani, na vyombo vya umeme vya kupiga milio iliyorekodiwa vimekatazwa. Kwa hiyo sauti lazima uitengeneze mwenyewe.

Hatua ya kwanza: chagua chombo

Vyombo vyote vya kukwaruza hufanya kazi kama upinde wa zeze. Kitu kimoja hupita juu ya kingine, hunata kidogo, huteleza, hunata tena, mara nyingi mno kwa sekunde moja, na mtetemo huo hukuzwa na uwazi uliomo ndani ya chombo. Ukilielewa hilo, utaelewa kwa nini mafuta, maji na uso uliong'aa ni maadui wa chombo chako: vyote huondoa ule mnato.

Kisanduku cha mbao ndicho chenye historia ndefu madukani. Henry C. Gibson wa Dardanelle, Arkansas, alikipatia hataza mwaka 1897, na umbo lake halijabadilika sana tangu hapo: sanduku jembamba lisilo na sakafu nene, na kifuniko chenye mpini kilichofungwa kwa skrubu upande mmoja, ambacho hukwaruza ukingo wa ubavu. Sauti yake ni kubwa, na siku ya upepo hakina mpinzani. Kasoro yake ni kwamba kinahitaji mikono yote miwili na mwendo ambao bata mzinga, ndege mwenye macho makali kupita kiasi, huuona kwa urahisi.

Kipo pia kile cha kusukuma kwa kidole kimoja. Mtoto wa miaka minane anaweza kukipiga kwa usahihi ndani ya dakika kumi, lakini milio yake ni michache na hukaa vilevile siku zote.

Ushauri wangu ni kuanza na kisahani. Ni chombo cha mviringo kinachoenea kiganjani, chenye uso wa jiwe la sleti, kioo au metali unaokwaruzwa kwa kijiti, ubao wa kukuzia sauti chini yake, na matundu upande wa chini. Sleti, jiwe lile lile la vibao vya kuandikia vya shule za zamani, hutoa sauti laini, hukubali makosa ya mkono mgeni, na hufaa zaidi ndege akiwa karibu. Kioo ni kikali zaidi na husafiri mbali, ila kinakutaka ukiandae vizuri. Alumini hupiga sauti ya juu kabisa, ambayo binafsi huitumia kumtafuta dume aliye ng'ambo ya bonde na si vinginevyo. Mwenye fedha za kisahani kimoja tu achukue cha sleti.

Hatua ya pili: nunua kijiti cha pili

Hapa ndipo wengi hubana fedha pasipofaa. Kijiti ni nusu ya chombo. Kijiti kizito cha mti mgumu kama hikori huifanya sauti iwe nzito na yenye mikwaruzo, kama ya jike mzee. Kijiti chepesi huipandisha. Wapo mafundi wa huku wanaochonga vijiti kwa mpingo wetu, na ukikutana na kimoja utashangaa jinsi kinavyotoa sauti safi, ingawa bei yake pia itakushangaza. Kisahani kimoja chenye vijiti viwili ni majike wawili, na bei yake ni ndogo kuliko visahani viwili. Kijiti cha pili kiwe cha kaboni au akriliki, kwa sababu mti ukilowa hunyamaza, ilhali hivyo, vikitumiwa juu ya kioo, huendelea kulia hata kukiwa na umande au manyunyu.

Hatua ya tatu: andaa uso

Kisahani kipya hakilii vizuri kwa sababu uso wake ni laini mno. Kwa sleti, tumia kitambaa kigumu cha kijani cha kusugulia sufuria au msasa laini. Kwa kioo, tumia msasa wa namba 80 au 100 na usiuonee huruma. Sugua eneo dogo, kwa mwelekeo mmoja tu, bila kuzungusha, mpaka mng'ao upotee na uone mistari midogo inayolingana. Utakapopiga, kijiti kiikate mistari hiyo, kisiifuate. Ncha ya kijiti nayo huishiwa mnato: ikianza kung'aa, iguse kwenye msasa mara mbili tatu bila kubadilisha umbo lake la duara.

Vumbi lipulize. Usilifute kwa kidole kamwe. Msimu wangu wa pili nilikuwa nimekula maandazi ndani ya gari kabla hapajapambazuka, nikaketi chini ya mwaloni, nikaita, dume akajibu mara mbili, na mara ya pili alikuwa karibu zaidi. Katika furaha hiyo nikalifuta vumbi la sleti kwa dole gumba. Nilipopiga tena, kijiti kiliteleza kama kwenye barafu na kutoa mlio mwembamba ambao haukufanana na ndege yeyote. Nilisugua kwa msasa nikiwa natetemeka, naye akasikia msasa. Tangu siku hiyo kifungua kinywa hukila baadaye.

Kisanduku hakipigwi msasa, kwa kuwa fundi amekwisha kupima unene wa ukingo na mkunjo wa kifuniko. Kipake chaki isiyo na mafuta, ile inayouzwa kwa kazi hiyo, wala si ya ubaoni.

Hatua ya nne: shika vizuri

Kishike kisahani kama finjani ya kahawa ya moto: kwa ncha za vidole, kiganja kikiwa mbali na sehemu ya chini. Kiganja kikiziba matundu, sauti hufa. Kijiti kishike kama kalamu, sentimita mbili hivi kutoka kwenye ncha, kichwa chake kikiinamia nje kidogo na ncha ikielekea kwako. Pigia kati ya kitovu na ukingo. Ukikaribia ukingo sauti hupanda, ukikaribia kitovu hushuka, na kila kisahani kina mahali pake patamu, ambapo unapaswa kupatafuta nyumbani na kupawekea alama ndogo ya penseli pembeni.

Hatua ya tano: jifunze milio mitatu

Wa kwanza ni wito wa kawaida wa jike, ule wa kyau-kyau-kyau. Chora duara dogo lenye umbo la yai bila kuinua ncha juu ya uso. Kaza mwanzoni, legeza ukizunguka. Sauti ianze juu, safi, kisha ivunjike na kushuka ikiwa na mkwaruzo. Kuvunjika huko ndiko kunakomtambulisha jike. Piga mara tano hadi saba kwa mwendo wa kulingana. Dume husamehe sauti mbaya, lakini hasamehi mwendo mbaya, na nimewahi kusikia majike wa kweli wenye sauti ya kutia aibu.

Wa pili ni kuk fupi, moja moja: kaza ncha, kisha ivute ghafla isizidi sentimita moja. Wa tatu ni mkoromo wa ndege anayekula kwa utulivu. Huo hupatikana kwa kuburuta kijiti polepole sana, kwa uzito wake chenyewe, mpaka kirukeruke na kutoa rrrrr. Mazoezi ya dakika kumi kila siku kwa mwezi mzima kabla ya msimu yanatosha. Nenda gereji ukitaka amani na familia.

Hatua ya sita: porini

Keti ukiegemea mti mpana kuliko mabega yako. Usivae chochote chekundu, cheupe wala cha buluu, kwa maana hizo ndizo rangi za kichwa cha dume, na mwindaji mwingine anaweza kuisikia sauti yako na kuiamini. Ukimwona mtu, usipunge mkono. Zungumza kwa sauti. Bunduki ya marisawa iwe tayari juu ya goti kabla hujaita, na kisahani kiwe juu ya paja ili mkono usinyanyuke.

Alfajiri, dume akiwa bado mtini, ita kwa upole mara moja, milio mitatu minne, kisha nyamaza. Akishuka, ita tena. Akijibu na kukaribia, punguza. Akisimama, mpe kuk mbili na mkoromo, na ukiweza kwaruza majani makavu kwa mkono kama jike anayechakura. Kosa kubwa la wageni ni kumjibu kila anapolia, jambo linalomthibitishia kwamba jike ana hamu na kwamba hana haja ya kutembea.

Madume waliokwisha kuitwa na watu wengi huja kimya. Wito ukikosa jibu, baki ulipo dakika 40 kabla ya kuhama, macho yakitafuta kichwa na si mwili mzima. Mara nyingi kitu cha kwanza si kumwona bali kumsikia: mvumo mzito wa chini unaotoka kifuani anaporinga, ambao huusikia karibu zaidi kwa mbavu kuliko kwa masikio. Ukiusikia, yuko karibu. Kijiti kiache kilipo, na usikiguse tena.