Kumpeleka mzee chanjo ya mkanda wa jeshi: dozi mbili, na makosa yanayoziharibu

Mkanda wa jeshi haumjii mtu kutoka nje. Virusi vya tetekuwanga alivyopata zamani havikuondoka mwilini. Vilijificha kwenye mizizi ya mishipa ya fahamu, kando ya uti wa mgongo. Kinga ikishuka kwa sababu ya umri, ugonjwa au dawa, vinaamka na kufuata mshipa mmoja hadi kwenye ngozi. Mshipa huo unahudumia upande mmoja wa mwili, ndiyo maana malengelenge hujipanga upande mmoja kama mkanda. Wale wanaosema mkanda ukizunguka kiuno ukakutana mgonjwa anakufa wanawatisha wazee bure.

Kinachowatesa wazee kuliko upele ni maumivu yanayobaki baada ya ngozi kupona. Ni maumivu ya kuungua na kuchomachoma, na wengine hawawezi hata kuvumilia shati ligusane na ngozi. Yanaweza kudumu miezi, pengine miaka, na kadiri umri unavyopanda ndivyo hatari yake inavyoongezeka. Chanjo inazuia hayo yasitokee. Haitibu mkanda uliokwisha kutoka, kwa hiyo usingoje dalili.

Hakikisha ni chanjo yenyewe

Chanjo inayotumika sana sasa ni Shingrix, iliyoidhinishwa Marekani mwaka 2017. Haina virusi hai. Ina kipande cha protini ya virusi pamoja na kiambato kinachoamsha kinga. Kabla yake kulikuwa na Zostavax, yenye virusi hai vilivyodhoofishwa, iliyoondolewa soko la Marekani mwaka 2020. Huko Marekani, mzee aliyewahi kuchomwa Zostavax anashauriwa kupata Shingrix pia, mradi ziwe zimepita wiki 8. Chanjo ya tetekuwanga ya watoto ni kitu kingine kabisa, na makosa ya kuchanganya hizi mbili yameshatokea kliniki. Soma jina kwenye kisanduku kabla ya sindano.

Katika majaribio makubwa, Shingrix ilipunguza mkanda wa jeshi kwa asilimia 97 kwa watu wa miaka 50 na zaidi, na kwa takriban asilimia 90 kwa waliofika 70. Waliofuatiliwa hadi mwaka wa 11 walikuwa bado na kinga ya karibu asilimia 80. Takwimu hizi ni za watu waliopata dozi zote mbili.

Nani, na wapi

Marekani inapendekezwa kwa kila mtu wa miaka 50 na kuendelea, na kwa wenye kinga dhaifu kuanzia miaka 19. Mwenye Medicare Part D, yaani sehemu ya dawa katika bima ya afya ya serikali kwa wazee, halipi chochote tangu 2023, na njia rahisi ni kwenda duka la dawa lenye mfamasia anayechanja. Lakini wazazi waliohamia Marekani karibuni mara nyingi hawana Medicare, kwa hiyo uliza bei ya dozi mbili kabla ya kuanza.

Uingereza huduma ya afya ya taifa, NHS, inawachanja bure waliotimiza miaka 65 kuanzia Septemba 1, 2023, na wenye miaka 70 hadi 79. Aliyekuwa ameshapita 65 siku hiyo anangoja afike 70. Mwenye kinga iliyodhoofika sana anachanjwa mapema zaidi. Angalia sana tarehe ya kuzaliwa ya mzee: dozi ya kwanza iwe imetolewa kabla hajatimiza 80, na ya pili kabla hajatimiza 81.

Tanzania na Kenya chanjo hii haimo katika ratiba ya taifa ya chanjo. Piga simu hospitali binafsi au kliniki za chanjo za wasafiri, na uulize mambo matatu: ipo kwenye friji leo? Dozi ya pili itapatikana baada ya miezi 2? Jumla ni shilingi ngapi? Kama dozi ya pili haina uhakika, tafuta kwingine kabla ya kulipia ya kwanza.

Kisukari, presha na VVU si vizuizi. Mtu anayeishi na VVU ana hatari kubwa zaidi ya mkanda, na kwa kuwa chanjo haina virusi hai inamfaa; azungumze na kliniki yake juu ya wakati mzuri. Anayekaribia kuanza dawa za saratani au za kushusha kinga amwambie daktari mapema, kwa sababu mwili hujenga kinga vizuri zaidi ukichanjwa kabla ya dawa hizo.

Ahirisha ikiwa mzee ana homa kali, au mkanda umemtoka sasa hivi. Subiri ugonjwa uishe na malengelenge yakauke. Aliyewahi kupata mkanda bado anahitaji chanjo, maana unaweza kurudi. Asichanjwe aliyewahi kupata mzio mkali kwa dozi iliyotangulia.

Siku ya sindano

Mvalishe nguo ambayo mkono wake unapanda hadi begani. Beba orodha ya dawa zake, na kama anatumia warfarin au dawa nyingine ya kuyeyusha damu, mwambie muuguzi kwanza. Atatumia sindano nyembamba, kisha pakandamizwe kwa dakika 2 bila kupasugua.

Shingrix mara nyingi huja katika vichupa viwili, kimoja cha unga na kingine cha maji. Maji yote huvutwa, yakamiminwa kwenye unga, kikatikiswa taratibu mpaka unga uyeyuke. Mzee huchomwa mililita 0.5 kwenye msuli wa bega. Kosa linalojirudia ni kuchoma maji peke yake na kuusahau unga. Hapo mtu hajachanjwa, na dozi kamili lazima itolewe. Kosa lingine ni kuchoma chini ya ngozi badala ya msulini: bega huvimba na kuuma zaidi, ingawa dozi inahesabiwa. Vichupa hukaa kwenye nyuzi 2 hadi 8. Vikiganda hutupwa, hata kama vimeyeyuka tena. Chanjo iliyochanganywa itumike papo hapo, au ikae frijini isizidi saa 6. Una haki ya kuomba uone ikichanganywa.

Inaweza kutolewa siku moja na chanjo ya mafua, kila moja mkono wake. Baada ya sindano mzee akae dakika 15, asije akapata kizunguzungu njiani.

Siku mbili tatu zinazofuata

Hapa ndipo wengi hukata tamaa, kwa kuwa hawakuambiwa mapema. Bega litauma, na kwa wengi linauma kweli. Uchovu, misuli kuuma, kichwa, kutetemeka kwa baridi na homa hutokea mara nyingi, kisha huisha ndani ya siku 2 au 3. Ni kinga inayofanya kazi. Usipange safari wala shughuli nzito kesho yake. Parasetamoli inatosha, gramu 1 kila baada ya saa 6 kwa mtu mzima mwenye ini zima, isizidi gramu 4 kwa siku; mzee mwembamba sana apewe pungufu, kwa ushauri wa mfamasia. Miguu ikianza kuishiwa nguvu au kufa ganzi katika wiki zinazofuata, nenda hospitali mara moja. Ni nadra mno, lakini ndiyo dalili isiyongoja.

Dozi ya pili hutolewa baada ya miezi 2 hadi 6. NHS huitoa baada ya miezi 6 hadi 12 kwa wenye kinga ya kawaida. Mwenye kinga dhaifu anaweza kuipata baada ya mwezi 1 au 2. Ikitolewa kabla ya wiki 4 haihesabiwi, irudiwe. Ikichelewa, hata mwaka mzima, usianze upya: mpeleke apate ile iliyobaki. Andika tarehe kwenye kadi na kwenye simu ya mtoto anayekaa naye, kwa sababu kadi peke yake hupotea.

Na kama mkanda ukitoka kabla kinga haijakamilika, hesabu saa. Dawa za kupambana na virusi, kama asikloviri, hufanya kazi vizuri zikianzwa ndani ya saa 72 tangu upele utokee. Malengelenge kwenye paji la uso, kope au ncha ya pua yanahatarisha jicho: mpeleke hospitali siku hiyo hiyo.