SOMO: Umepiga Windows upya, waifai haipo na vitufe vya F havifanyi kazi

Wakuu, wiki hii nimeulizwa hili mara nne inbox, basi naliweka hapa. Mfano wangu ni HP. Dell na Lenovo hazitofautiani sana.

1. Chomeka simu kwa waya wa USB, gawa intaneti. Laptop itapata mtandao bila waifai.

2. Fungua Windows Update, iache imalize, zima uwashe.

3. Bofya kulia kitufe cha Start, ingia Device Manager. Angalia vyenye alama ya njano: hivyo dreva yake (programu inayoiwezesha Windows kutumia kifaa) haipo au ina kosa.

4. Hapa niliwahi kuharibu laptop ya dada yangu. Nilishusha programu inayodai kutafuta dreva zote yenyewe. Ikajaza matangazo, ikaweka dreva isiyo yake, tachipedi ikafa, nikapiga Windows mara ya pili usiku uleule. USIZITUMIE. Bofya kulia kifaa, Properties, Details, chagua Hardware Ids. Utaona mfano PCI\VEN_8086&DEV_ na namba nyingine. VEN ni mtengenezaji wa kifaa: 8086 ni Intel, 10EC Realtek, 14E4 Broadcom. DEV ni kifaa chenyewe. Modeli moja huweza kutoka kiwandani na kadi tofauti za waifai, kwa hiyo jina la laptop halitoshi. Dreva chukua tovuti ya mtengenezaji wa laptop kwa serial namba ya laptop. Anza na chipset (dreva ya ubao mkuu), zima uwashe, ndipo nyingine.

5. Ukikuta ACPI\HPQ6001, hiyo ni HP Wireless Button, kitufe cha kuwasha na kuzima waifai. Mwanga wa skrini haubadiliki kwa vitufe? Tazama Display adapters. Ikiandika Microsoft Basic Display Adapter, kitufe hakina kosa, dreva ya grafiki ndiyo haipo.

MASWALI

— Mkuu nipe link ya dreva, sina muda wa kusoma.
Ya laptop gani? Hatua ya 4.

— Nimefanya yote, imegoma.
Weka Hardware Id hapa. Bila hiyo sina cha kukusaidia.

— F5 yangu inabadilisha sauti badala ya kufanya kazi ya F5.
Lenovo na Dell nyingi, bonyeza Fn+Esc. HP nyingi, ingia BIOS (menyu ya mipangilio kabla ya Windows kuwaka) kwa F10 laptop inapowaka, System Configuration, zima Action Keys Mode.

— Naweza kuhifadhi dreva kabla ya kupiga Windows?
Swali zuri sana, lingeniokoa mimi siku ile. Tengeneza folda D:\dreva, fungua CMD (dirisha la kuandika amri) kama administrator, andika:
pnputil /export-driver * D:\dreva
Baadaye, Device Manager, Update driver, Browse, onyesha folda hiyo.

— Sina D, nina C tu.
Tumia flashi, na badilisha herufi kwenye amri. C ndiyo itakayofutwa.