SOMO: Mafao ya PSSSF kwa walinzi, wahudumu na madereva wa serikali wanaokaribia kustaafu

Swali ni lile lile kila wiki: "Mzee wangu kastaafu, hela haijatoka, nifanyeje?" Naliandikia hapa ili nikiulizwa tena nielekeze huku. Ni kwa mtumishi wa umma aliye PSSSF, yaani mfuko wa hifadhi ya jamii wa watumishi wa umma Tanzania. Wa NSSF, mfuko wa sekta binafsi, wana utaratibu wao.

1. Jua tarehe yako. Miaka 55 kwa hiari, 60 kwa lazima. Barua ya kusudio itoke miezi sita kabla, kupitia kwa mwajiri.

2. Chukua taarifa ya michango, kwenye simu (PSSSF Kiganjani) au ofisini kwao. Kila mwezi uonyeshe 5% yako na 15% ya mwajiri. Ukiona pengo, peleka salary slip ya mwezi huo kwa afisa utumishi.

3. Kusanya barua: ajira ya kwanza, kuthibitishwa kazini, cheo cha mwisho, kibali cha kustaafu. Ongeza salary slip ya mwisho, NIDA (kitambulisho cha taifa) na akaunti ya benki.

Hapa tusiende haraka, ndipo wanyonge wanapoumia. Walinzi na wahudumu wengi walianza kama vibarua, wakasota miaka ndipo wakapewa ajira ya kudumu na malipo ya uzeeni. Mtu anahesabu tangu siku aliyoshika rungu getini, mfuko hauhesabu hivyo. Pensheni ya kila mwezi inataka miezi 180 ya uchangiaji. Kwa aliyeajiriwa serikali kuu kabla ya Julai 1999, enzi ambayo mishahara haikuwa ikikatwa mchango, barua ya kwanza ndiyo shahidi wake. Miaka ile ni haki yake, na serikali ilitoa hatifungani (hati ya mkopo) ya shilingi trilioni 2.17 Desemba 2021 kulipa deni hilo. Nimemsindikiza mama mhudumu ambaye faili lake lilipotea masjala, naye hakuwa na nakala. Alihangaika mno, mwili umeshachoka.

ONYO: usimkabidhi mtu barua halisi. Toa nakala. Na jina la NIDA likipishana na la barua hata herufi moja, shughulikia hati ya kiapo sasa, ukiwa bado kazini.

4. Piga hesabu mwenyewe. Miezi ya utumishi gawanya kwa 580, zidisha kwa wastani wa mshahara wa mwaka (miaka mitatu bora kati ya kumi ya mwisho). Mfano: miezi 360, wastani wa 500,000 kwa mwezi, unapata 3,724,138. Kwa waliotoka PSPF na LAPF (mifuko ya zamani iliyounganishwa kuwa PSSSF), mkupuo, yaani hela ya mara moja, ni hiyo mara 12.5 mara 40%: takriban milioni 18.6. Pensheni ni 60% ya hiyo 3,724,138 gawanya kwa 12: kama 186,200 kwa mwezi.

5. Wasilisha kwa mwajiri. Baki na nakala yenye mhuri wa kupokelewa.

MASWALI

Mjukuu_wa_Kondoa: Mkuu, babu ana miaka 58, aanze na nini?
— Namba 2 na 3. Soma, ndugu yangu.

DadaTabora: Kima cha chini kimefika 500,000 tangu Julai 2025. Mama anastaafu mwakani, nitumie hiyo?
— Swali zuri sana, dada. Hapana. Ni wastani wa miaka mitatu, na kabla ya hapo kilikuwa 370,000. Andika mshahara wa kila mwezi, jumlisha, ndipo ugawanye. Kama anaweza kungoja hadi 60 badala ya kutoka kwa hiari, wastani unapanda na miezi inaongezeka. Mpigie hesabu zote mbili aamue mwenyewe.

Mzalendo77: Mkupuo si ilikuwa 33%? Unapotosha watu.
— Ilikuwa 33% tangu Julai 2022. Bajeti ya 2024/25 ikapandisha: waliokuwa kundi la mkupuo wa 50% kabla ya 2022 wanapata 40%, waliokuwa la 25% wanapata 35%. Sijapotosha mtu.

Fundi_Baiskeli: Kaka yangu alitolewa kwa vyeti feki. Ndiyo basi?
— Pensheni hapana, ila 5% aliyokatwa anarudishiwa. Serikali iliruhusu kuanzia Novemba 2022. Aende na kitambulisho na salary slip za zamani.

DadaTabora: Kuna mtu kampigia mama, anataka laki mbili "aharakishe faili".
— Kishoka huyo. Mfuko haulipishi kufungua madai. Asimtajie namba ya akaunti wala ya uanachama, mkatie simu.