Hoki kwa Kebo Kanada: Uliza Chaneli Kabla ya Bei

Kama unaishi Edmonton, au popote pale katika mkoa wa Alberta, na unataka kuwaangalia Oilers, timu ya hoki ya barafu ya Edmonton, ukiwa nyumbani kwako, usikubali kuuziwa kifurushi cha "mechi zote za NHL", yaani ligi kuu ya hoki ya Kanada na Marekani. Narudia: usikubali. Kifurushi hicho kitakuonyesha Tampa Bay wakimenyana na Nashville. Kitakuonyesha Columbus, mji wa Marekani ambao mpaka leo sijui uko upande gani wa ramani. Lakini usiku Oilers wanapocheza, tena uwanja wenyewe ukiwa vituo vichache vya treni kutoka sebuleni kwako, skrini itakuwa nyeusi, na maandishi meupe katikati yatakuambia mechi hii haipatikani katika eneo lako.

Skrini hiyo nyeusi nimeilipia karibu msimu mzima. Kampuni siitaji, maana utaratibu wenyewe ni huo huo kokote utakakokwenda. Kilichonikera ni yule kijana wa mauzo. Nilimwambia waziwazi kwamba ninawataka Oilers, akatikisa kichwa kwa tabasamu, akasema, "Hiki kina NHL yote." Hakusema uongo, kwa namna yao ya kuhesabu. Ndiyo maana nawaandikieni.

Kinachotuponza sisi tuliotoka nyumbani Afrika Mashariki ni mazoea ya king'amuzi. Kwetu vifurushi ni kama ngazi: ukiwa na cha bei ya chini unapata tamthilia na habari, ukipanda unapata mpira kidogo, ukilipia cha juu kabisa unapata ligi zote na Ulaya yote. Pesa ikiongezeka, mpira unaongezeka. Kwa hiyo mtu wetu akifika huku anauliza kilicho cha juu, analipa, anakaa akisubiri. Huku mambo hayaendi kwa ngazi, yanakwenda kwa ramani. Unaweza kulipia kitu ghali kuliko vyote na timu ya mtaani kwako usiione hata dakika moja.

Ramani yenyewe iko hivi. Mechi za NHL hapa Kanada zimegawanywa mafungu. Kuna za kitaifa, ambazo nchi nzima inaziona. Haki za hizo zinashikwa na Rogers, wenye chaneli za Sportsnet, kwa mkataba wa miaka 12 ulioanza msimu wa 2014-15 kwa dola za Kanada bilioni 5.2, na mwaka 2025 walitangaza mwingine wa miaka 12, bilioni 11, wa kuanzia 2026-27. Ukijiuliza kwa nini bili yako haishuki, jibu mojawapo ni hilo. Kuna za kimkoa, ambazo kila timu inauza kwa ajili ya watu wa eneo lake tu. Oilers na Flames wa Calgary wamo Sportsnet West, Canucks wa Vancouver wamo Sportsnet Pacific, Jets wa Winnipeg wako kwenye chaneli ya TSN3, Senators wa Ottawa TSN5, Canadiens wa Montreal kwa Kiingereza TSN2 na kwa Kifaransa RDS. Maple Leafs wa Toronto wamegawanywa kati ya TSN4 na Sportsnet Ontario. Halafu kuna fungu la tatu, mechi za nje ya eneo lako. Hilo fungu la tatu ndilo linalouzwa kwa jina zuri la "zote".

Sasa soma hapa polepole. Kifurushi cha nje ya eneo kimetengenezwa kwa ajili ya mtu aliyehama: Mkanada wa Vancouver anayeishi Halifax na bado moyo wake uko kwa Canucks. Huyo ndiye mteja wake. Wewe uliyefika juzi, unayetaka timu ya mji unaoishi ili uwe na la kuzungumza kazini, si mteja wake hata kidogo. Timu yako ya nyumbani imefungwa humo kwa makusudi, ili chaneli ya mkoa iliyoilipia isinyang'anywe watazamaji. Wao huita blakauti. Na mechi nyingi za kitaifa nazo hazimo, ziko kwenye chaneli zao. Mimi nilikuwa na kifurushi cha msingi, juu yake hicho cha "zote", na Sportsnet West sikuwa nayo. Kwa hiyo Oilers nje, Flames nje kwa sababu nao ni wa Alberta, na nilichobaki nacho ni Wamarekani wakigongana ubavuni mwa uwanja hadi usiku wa manane.

Mipaka nayo haifuati akili ya kawaida. Ontario peke yake imekatwa: kuanzia maeneo ya Belleville kwenda mashariki unaruhusiwa mechi za kimkoa za Canadiens, ukiwa Toronto unafungiwa. Saskatchewan, ambayo haina timu yake, imekuwa kama shamba la urithi linalogombewa na ndugu. Kinachoamua ni anwani ya huduma, ile uliyowapa siku ya kujiunga. Ukihama mkoa, ramani yako inahama nawe, na kifurushi kilichokufaa jana kinaweza kukugeuka kesho.

Basi kabla ya kutaja bei, kabla ya kuuliza kasi ya intaneti, uliza hivi: "Kwa anwani yangu hii, mechi za kimkoa za timu fulani zinaonyeshwa chaneli gani, na chaneli hiyo imo kwenye kifurushi unachoniuzia?" Akitaja chaneli, mwambie akutumie kwa barua pepe. Akijibu "zote", uliza tena. Akisema "usijali", hapo ndipo pa kujali. Usiulize kama kuna NHL. Ipo kila mahali. Usiulize kama kuna hoki. Uliza chaneli kwa jina lake. Dada mmoja wa Kigali tunayefanya naye kazi nilimwambia haya kabla hajasaini, akaniona ninazidisha, na Novemba alinipigia simu kuniuliza kwa nini televisheni yake "imeharibika" siku za Oilers tu.

Ya kujiunga kwenyewe ni machache. Kitambulisho, anwani, wakati mwingine wanapitia rekodi yako ya mikopo, fundi anakuja au wanakutumia kifaa unachomeka mwenyewe. Bei unayotajiwa haina kodi. Alberta ongeza asilimia 5, Ontario 13.

Kuna jambo ambalo mwuzaji hatakutajia, lakini ukilitaja wewe atalikumbuka mara moja. Tangu Machi 2016, CRTC, ambayo ni mamlaka ya mawasiliano ya huku, inazitaka kampuni za kebo na setilaiti ziwe na kifurushi cha msingi kisichozidi dola 25 kwa mwezi, bila kuhesabu kifaa. Na tangu Desemba mwaka huo huo ni lazima pia ziuze chaneli moja moja na vifurushi vidogo. Maana yake, mtu wa Edmonton anaweza kuchukua cha msingi na kuongeza Sportsnet basi, akahakikisha ile ya West imo. Fanya hesabu kwa njia zote mbili, kwa sababu mara nyingine kifurushi kidogo cha michezo kinakuwa nafuu kuliko chaneli moja moja, nao wanalijua hilo kabla yako.

Na kama shida yako ni Jumamosi tu, huenda kebo huihitaji. Hockey Night in Canada, kipindi cha hoki cha Jumamosi usiku, kwa miaka mingi kimekuwa CBC, televisheni ya taifa ya huku (hakikisha kwanza kama bado kipo), na CBC mijini unaipata bure kwa antena, kama tulivyokuwa tukiikamata KBC ya Kenya kwa waya wa hanga. Saa za Edmonton mechi ya kwanza huanza saa kumi na moja jioni, ya pili saa mbili usiku. Ubaya ni kwamba hupangi wewe nani anacheza. Mtoano unaoanza Aprili nao una nafuu yake: wote ni wa kitaifa, mambo ya kufungiwa kimkoa yanaisha, na CBC imekuwa ikipata sehemu yake. Wale wanaopenda intaneti kuliko kebo, Sportsnet+, huduma ya mtandaoni ya Sportsnet, nayo ina ngazi ya juu yenye mechi za nje ya eneo, na ukuta wa blakauti ni ule ule. Ukuta ni ule ule, jamani. Usidhani umeuruka kwa kubadilisha kifaa.

Sasa kuna suala la kuacha. Nyumbani king'amuzi unakilipia kwanza. Mwezi ukiisha hukuweka pesa, picha inakatika, hudaiwi na mtu, siku ukipata unatuma M-Pesa na maisha yanaendelea. Ndugu zangu wengi wakichukizwa na kebo ya huku wanafanya vile vile: wanaacha kulipa wakisubiri ikatwe. Haikatwi mara moja! Bili ya pili inakuja, ya tatu inakuja na riba, kisha unapigiwa simu na watu wa kukusanya madeni ambao hujawahi kuwasikia, na jina lako linafika Equifax na TransUnion, kampuni zinazotunza rekodi za mikopo. Wakenya hilo la pili tunalifahamu kutoka mambo ya CRB. Huku bila rekodi safi hata nyumba ya kupanga unaitafuta kwa tochi. Ukitaka kuacha, sema unaacha. Sheria ya notisi ya siku 30 CRTC iliifuta Januari 2015, kwa hiyo asikuambie mtu ulipie mwezi wa ziada. Kama una mkataba wa miaka miwili, uliza adhabu ya kuuvunja kabla hujafungua mdomo kwa hasira. Kifaa kirudishe mwenyewe na risiti uiweke. Risiti uiweke.

Ukikwama nao, malalamiko yapeleke CCTS, shirika linalosikiliza malalamiko ya wateja wa simu, intaneti na televisheni. Ni bure, na tangu 2017 wanashughulikia televisheni pia. Wanataka kwanza uwe umeilalamikia kampuni yenyewe, ndiyo maana nasema kila kitu kiwe kwa maandishi. Mimi barua pepe ya kampuni iliyorudia maneno yale ya "NHL yote" ndiyo iliyonirudishia sehemu ya pesa zangu. Maneno ya mdomo ya yule kijana hayakuwa na ushahidi.

Shangazi zangu na wajomba mnaofungulia mlango kila anayebisha, hili ni lenu. Najua tumelelewa hivyo, mgeni hasimamishwi nje. Lakini kijana mwenye kompyuta kibao na beji shingoni si mgeni, ni mwuzaji, na ile chai unayompa haimpunguzii kamisheni. Ukishasaini mlangoni, sheria ya Alberta inakupa siku 10 tangu upate nakala ya mkataba kuufuta bila kutoa sababu. Ukinipigia siku ya ishirini nitakupa pole tu.

Na nyie mnaotangaza kwenye vikundi vya WhatsApp kile kisanduku chenye chaneli elfu kadhaa kwa dola kumi: Mei 2022 Mahakama ya Shirikisho iliziamuru kampuni kubwa za intaneti hapa kuziba, mechi ikiwa inaendelea, seva zinazorusha NHL bila haki. Ndiyo maana picha yenu inaganda kipindi cha tatu matokeo yakiwa sare. Aliyekuuzia hana ofisi, hana risiti, na namba yake ya kadi ni ya kwako.

Mtu ataniuliza, mtoto wa Mombasa na barafu wapi na wapi? Kwanza Nairobi ipo timu ya hoki ya Ice Lions, waliokuwa wakifanya mazoezi kwenye barafu ya hoteli ya Panari, na 2018 walipelekwa Toronto wakacheza wamevaa vifaa kamili. Pili, mimi ninahudumia wazee katika nyumba ya kulea, na kwa wazee wa Edmonton hoki ndiyo hodi. Nilikuwa nikiingia chumbani na dawa, mzee ananijibu ndiyo na hapana. Nilipoanza kuuliza matokeo ya jana, yule yule alinishika mkono akanisimulia siku ya Agosti 1988 Gretzky, nyota wa Oilers, alipouzwa Los Angeles, sauti ikimtetemeka kama anayesimulia msiba wa nduguye. Hawa watu wanasema samahani ukiwakanyaga wewe, hawakuulizi unatoka kwa nani, jirani anaweza kukaa miaka hajui jina lako. Lakini hoki inawafungua. Wenzangu kazini waliniambia niende baa, huko mechi zote zipo. Mimi na baa hatujuani, ndiyo nikaangukia kwenye kebo.

Jambo moja ninalowavulia kofia, na linaniudhi pia: bei zao si za kudumu hata wakijifanya ni za kudumu. Sisi wa soko la Marikiti tunaogopa kupatana bei na mashine. Piga simu, sema unataka kuacha, utahamishiwa idara nyingine yenye sauti laini zaidi, na huko punguzo ambalo halikuwepo dakika tano zilizopita linapatikana. Lina tarehe ya mwisho. Iandike kwenye simu yako ikukumbushe wiki mbili kabla, kwa sababu wao hawana haraka ya kukukumbusha.

Fainali ikiisha Juni, ondoa chaneli za michezo, ubaki na za msingi mpaka Oktoba. Mwezi Septemba watakupigia wenyewe wakiwa na ofa mpya ya hoki. Uliza chaneli.