Nyumba unayopanga ikiandikiwa mnada: soma karatasi kabla ya kufunga mizigo

Kazi yangu ni kupeleka hati za mawakili na benki kwenye milango ya watu hapa Nairobi, na wapangaji ndio huniumiza moyo zaidi. Mkopo wa benki ni wa mwenye nyumba, si wao, lakini wao ndio wa kwanza kubeba magodoro. Wengi huhama kwa hofu na kuacha dipoziti nyuma, ilhali sheria iliwapa muda. Kwa hivyo nikipewa nafasi getini, haya ndiyo huwaeleza.

Tazama kwanza ni karatasi gani. Chini ya Sheria ya Ardhi ya 2012, mwenye nyumba aliyekosa kulipa kwa mwezi mzima huandikiwa notisi ya kifungu cha 90, na hupewa miezi 3 ya kurekebisha mambo. Hiyo huenda usiione kamwe. Inayokuhusu ni ya kifungu cha 96, notisi ya siku 40 ya kusudio la kuuza. Sheria inataka nakala apewe mpangaji wa ardhi au wa jengo lililo juu yake, na nyingine ibandikwe mahali pa wazi. Baadaye dalali wa mnada hutoa notisi yake ya siku 45 kwa mwenye mali, kisha hutangaza gazetini, na mnada haufanyiki kabla ya siku 14 kupita tangu tangazo la kwanza. Zikifuatana hivyo, aliyeikuta ile ya siku 40 ana miezi 3 na zaidi.

Usiogope kutia sahihi nakala ninayorudi nayo. Hujakubali deni la mtu, umekiri tu kwamba umepokea. Andika tarehe kando ya sahihi yako, kisha piga picha ya kila ukurasa. Na ile iliyobandikwa ukutani usiibandue, jirani yako ana haki ya kuisoma.

Kodi nayo? Endelea kulipa. Kuacha kulipa ni kumpa mtu sababu ya kukutoa ambayo hakuwa nayo. Mwenye nyumba wako ndiye wa kulipwa mpaka upate barua rasmi inayosema vinginevyo. Benki inaweza kumteua mpokeaji wa kukusanya kodi, au ichukue usimamizi wa jengo kwa kuwapa wapangaji notisi kwamba kodi sasa ilipwe kwake. Ukiipata, piga simu tawi la benki lenyewe kwa namba uliyoitafuta mwenyewe, uthibitishe, kisha ulipe huko na uhifadhi risiti. Mtu anayejiita dalali akikuomba kodi kwa simu yake binafsi, usimpe hata shilingi.

Sasa swali gumu: nyumba ikiuzwa, mkataba wako unabaki? Mnunuzi huichukua bila mzigo wa mambo yaliyokuja nyuma ya rehani, isipokuwa upangaji ambao benki iliukubali kwa maandishi. Kwa hivyo tafuta tarehe mbili: ya mkataba wako na ya kusajiliwa kwa rehani. Ukifanya upekuzi wa hati kupitia Ardhisasa, mfumo wa serikali wa ardhi mtandaoni, au ofisi ya ardhi, rehani huonekana kwenye sajili. Wenye maduka wanaoandika mikataba ya miaka mingi, nawasihi mfanye upekuzi huo kabla ya kumwaga pesa kwenye ukarabati, na mdai barua ya benki.

Hata usipokuwa na barua hiyo, nyundo ikigonga leo hutupwi nje kesho. Kwa kawaida mnunuzi hulipa asilimia 25 siku ya mnada, na salio ndani ya siku 90. Akishasajiliwa kuwa mmiliki, akipokea kodi yako ya mwezi, amekufanya mpangaji wake, na kukuondoa kwahitaji notisi isiyopungua mwezi. Akikuona unakaa bila ruhusa yake, kifungu cha 152E cha Sheria hiyo ya Ardhi, kilichoingizwa mwaka 2016, kinamtaka akupe notisi ya maandishi ya miezi 3, nawe unaweza kwenda mahakamani kuipinga. Vijana wakija kung'oa milango bila karatasi yoyote, itisha polisi na umtafute wakili siku hiyo hiyo.

Dipoziti ndiyo hupotea kimya kimya. Mnunuzi hakuipokea, na atakuambia hivyo. Wa kudaiwa ni yule uliyemlipa. Mwandikie mapema, notisi ya siku 40 ikiwa bado mbichi, muafikiane kwa maandishi kwamba dipoziti itakula kodi ya mwezi wa mwisho. Mwenye nyumba aliyebanwa na benki mara nyingi hukubali hilo kuliko kutoa pesa taslimu. Akikataa, Mahakama ya Madai Madogo husikiza madai yasiyozidi shilingi milioni 1, na unaweza kujiwakilisha mwenyewe. Beba mkataba, risiti au taarifa ya M-Pesa, na barua uliyomwandikia.