Namna ya Kusoma Hatua za Dansi katika Filamu Bubu za Mwanzo

Anayetaka kujifunza dansi za zamani kutoka kwenye filamu bubu na ashughulikie kasi kabla hajaitazama miguu, kwa sababu kasi ikikosewa, kila hatua itasomwa vibaya. Wapiga picha wa wakati ule walizoea kuzungusha kamera kwa mkono, na filamu nyingi zilipigwa kwa takriban fremu 16 (yaani picha moja moja zinazounda filamu) kwa sekunde. Zikionyeshwa kwa fremu 24, kiwango kilichoenea baada ya sauti kuingia, wachezaji huonekana kama wanaokimbizwa.

Kipimo ninachokiamini kuliko vyote ni mruko, maana mvuto wa dunia haujabadilika tangu siku hizo. Tafuta mahali ambapo mchezaji anaruka bila kukunja sana magoti, na ukadirie kimo kwa kuangalia kiuno chake kilivyopanda. Mruko wa sentimita 20 huchukua kama sekunde 0.4, kwa hiyo, ukihesabu fremu sita au saba tangu miguu ilipoachana na sakafu hadi ilipoigusa tena, filamu hiyo ilipigwa kwa karibu fremu 16. Fremu zilizorudiwa wakati wa kutengeneza nakala ya kidijitali usizihesabu. Baada ya hapo, punguza kasi kwa programu ya kuhariri video.

Pa kuanzia pazuri ni Maktaba ya Bunge la Marekani. Kabla ya mwaka 1912 sheria ya hakimiliki ya nchi hiyo haikuzitambua filamu kama kazi za aina yake, hivyo kampuni zilizisajili kama picha za kawaida, zikiwa zimechapishwa kwenye mabunda ya karatasi, na karatasi hizo ndizo zilizookoa kazi nyingi ambazo filamu zake zilikwisha kuoza au kupotea. Humo imo keki-woki ya kampuni ya Biograph ya mwaka 1903, dansi iliyoanzishwa na Wamarekani Weusi wakiwa utumwani. Angalia jinsi kiwiliwili kinavyoegemea nyuma huku magoti yakipanda juu.

Jambo gumu zaidi ni kutenganisha dansi ya ukumbini na onyesho la jukwaani. Kamera ilisimama mahali pamoja, kwa hiyo wachezaji waliielekea na kubanana mbele yake, ilhali katika valsi ya ukumbini wawili wawili waliuzunguka ukumbi mzima. Andika kwanza mguu unaobeba uzito katika kila pigo la muziki, na miondoko ya mikono uiache hadi mwisho, kwani hiyo ndiyo iliyotiwa chumvi zaidi kwa ajili ya watazamaji.